KAWAWA: STAA WA SINEMA KABLA YA KUWA WAZIRI MKUU

Pale Kariakoo vijana wakibishana nani staa wa kwanza wa muvi Bongo, wengi wanaanzia kwa Kanumba. Mi nawarudisha nyuma kabisa, kwa yule mwenye barabara inayopita Magomeni kwenda Ilala: Rashidi Mfaume Kawawa.

Mwaka 1926, alipozaliwa kule Songea, sinema ya Kiswahili haikuwepo. Kati ya 1935 na 1937 Waingereza wakafanya jaribio Vugiri, milimani juu ya Korogwe. Walitengeneza filamu kama 35 za kilimo, afya na mengineyo, wakazizungusha Afrika Mashariki kwa lori. Watu wetu walionekana wakitembea, wakilima, ila sauti ilikuwa kwenye santuri, inapigwa pembeni huku picha inakwenda. Sindano ikiruka tu, maneno yanaachana na picha!

Kawawa akasoma Tabora, kisha akaajiriwa serikalini upande wa maendeleo ya jamii. Humo ndimo alimozunguka vijijini na gari la sinema. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ikaleta kampuni kutoka Afrika Kusini itengeneze filamu za Kiswahili zenye waigizaji Waafrika, na jamaa akapewa nafasi ya mbele. Alicheza Muhogo Mchungu, akacheza Chalo Amerudi. Kwenye Muhogo Mchungu yeye ndiye mshamba anayeingia mjini na kukutana na wajanja. Kwa mtazamo wangu mkoloni alikuwa na lake hapo: mjini kubaya, bakini shamba mkalime.

Lakini hesabu zilimgeukia. Sura aliyoitangaza yeye mwenyewe kwa pesa ya serikali, mwaka 1955 ikawa ya katibu mkuu wa kwanza wa TFL, shirikisho la vyama vya wafanyakazi. Kawawa akaacha kazi ya serikali, akaingia kwenye harakati moja kwa moja.

Januari 1962 Nyerere alipojiuzulu, Kawawa akawa Waziri Mkuu. Hapa ndo panaponitatiza: mwaka huohuo ikapita sheria ya kubana migomo, chini ya mtu aliyepandia ngazi ya wafanyakazi. Wazee wa bandarini sijui walimuelewaje.

Alifariki Muhimbili tarehe 31 Desemba 2009. Kama babu yako aliwahi kuiona Muhogo Mchungu, mwulize watu walicheka wapi, halafu tupia hapo chini.