Addie Joss: Mrushaji aliyetimiza mechi kamili, akapungukiwa na umri

ADDIE Joss alikuwa na umri wa miaka 28 alipofanya jambo ambalo warushaji wengi wa mchezo wa besiboli huzeeka na kustaafu bila kulionja. Mnamo Oktoba 2, 1908, katika uwanja wa League Park mjini Cleveland, Marekani, wapigaji wa Chicago White Sox walimkabili mmoja baada ya mwingine hadi wakatimia 27. Wote 27 walirudi kuketi bila hata mmoja wao kufika kituo cha kwanza.

Miaka miwili na nusu baadaye, Joss alikuwa kaburini.

Kwa aliyezoea kriketi, besiboli si mchezo wa ajabu sana. Mrushaji hutupa mpira, mpigaji huukabili kwa gongo, na akifaulu kuupiga hukimbilia kituo cha kwanza. Viko vituo vinne kwa jumla, na anayevizunguka vyote huipatia timu yake mkimbio mmoja. Kila timu hupewa zamu tisa za kupiga, na zamu humalizika wapigaji watatu wanapotolewa. Hivyo basi, ili mechi ya kawaida iishe, mrushaji na wenzake hawana budi kuwatoa wapinzani 27.

Kwa kawaida baadhi ya wapigaji hufika vituoni. Mmoja hupiga mpira ukaanguka mahali pasipo na mtu. Mwingine hupewa kituo cha bure kwa kuwa mrushaji ametupa mipira minne nje ya shabaha. Mwingine huponea kosa la mlinzi aliyeangusha mpira. Yasipotokea yote hayo tangu mwanzo hadi mwisho, mechi hiyo huitwa kamili.

Katika ligi kuu za Marekani, ambazo zimechezwa tangu karne ya 19, mechi kamili zilizotambuliwa rasmi kufikia mwaka wa 2023 zilikuwa 24 pekee. Ile ya Joss ilikuwa ya nne.

Adrian Joss, aliyefahamika kama Addie, alizaliwa Aprili 12, 1880, katika kijiji cha Woodland, jimbo la Wisconsin. Baba yake alikuwa mhamiaji kutoka Uswisi aliyejipatia riziki kwa kutengeneza jibini. Ulevi ulimwangamiza mzee huyo mapema, akafariki mwanawe angali mtoto mdogo. Mama alibaki kuilea familia kwa kazi ya ushonaji.

Mtoto huyo aliyeachwa yatima wa baba hakupenda pombe maishani mwake. Alipenda vitabu. Alipohitimu shule akiwa na umri wa miaka 16 alianza kufundisha, na baadaye akasomea uhandisi kwa muda katika chuo kikuu cha jimbo lake. Huku na huko alikuwa akichezea timu za mitaani na za miji midogo, ambako sifa za mkono wake zilianza kuvuma.

Mwaka wa 1900 alisajiliwa na timu ya Toledo, jimbo la Ohio. Mji huo ndio uliokuja kuwa makao yake hadi kufa. Miaka miwili baadaye alihamia Cleveland, katika ligi kuu ya American.

Mechi yake ya kwanza katika ligi hiyo, Aprili 26, 1902, ilikuwa ishara ya mambo yaliyokuwa yakija. Timu ya St. Louis Browns ilifanikiwa kuupiga mpira wake vyema mara moja tu, na hata pigo hilo moja lilizua ubishi, kwani mlinzi wa Cleveland alishikilia kuwa aliudaka mpira kabla haujagusa ardhi. Mwamuzi alikataa. Mwaka uo huo Joss alifunga ndoa na Lillian Shinavar, na wakajaliwa watoto wawili, Norman na Ruth.

Joss alikuwa mrefu na mwembamba, mikono yake mirefu kupita kiasi. Alipojiandaa kurusha alimgeuzia mpigaji mgongo, akauficha mpira nyuma ya kiuno, kisha akazunguka kama pia na kuuachilia. Mpigaji aliuona mpira ukiwa umekwisha kumkaribia. Wengi walirusha kwa kasi zaidi yake, lakini wachache mno walijua kuuweka mpira mahali walipotaka kama yeye.

Kuanzia 1905 hadi 1908 alishinda mechi 20 au zaidi katika kila msimu. Mwaka wa 1907 alishinda 27.

Hata hivyo, Joss alitambua kuwa mkono wa mrushaji ni mtaji usiodumu. Wachezaji wa enzi hizo hawakuwa na malipo ya uzeeni, na aliyeumia bega alirejea shambani au kiwandani mikono mitupu. Kwa hivyo, msimu ulipokwisha yeye aligeuka mwanahabari. Aliandika makala ya michezo katika gazeti la Toledo News-Bee na baadaye Cleveland Press, na magazeti yakamtuma kuripoti fainali za ubingwa wa nchi nzima. Elimu ya uhandisi nayo haikupotea bure, kwani alibuni ubao wa umeme wa kuwaonyesha mashabiki hesabu ya mipira, na ubao huo ukatumiwa League Park.

Msimu wa 1908 ulikuwa na ushindani usio na mfano. Siku chache kabla ya kumalizika, timu tatu, Detroit, Cleveland na Chicago, zilikuwa zikikabana koo kileleni. Aliyepoteza mechi moja alikuwa hatarini kupoteza taji.

Hiyo ndiyo hali iliyokuwepo Oktoba 2, Cleveland walipowaalika Chicago. Upande wa pili mrushaji alikuwa Ed Walsh, shujaa aliyeshinda mechi 40 msimu huo. Watu zaidi ya 10,000 walijaa uwanjani.

Walsh hakuja kushindwa. Alirusha kwa ustadi mkubwa, akawatoa wapigaji 15 wa Cleveland kwa kuwakosesha mpira kabisa, na kuruhusu mapigo manne tu. Siku nyingine yoyote, kazi hiyo ingetosha kuipa Chicago ushindi.

Bao pekee la mechi lilipatikana katika zamu ya tatu, tena kwa bahati. Joe Birmingham wa Cleveland alikuwa katika kituo cha kwanza, akanaswa ameondoka mapema. Alipokimbia, mpira uliotupwa ili kumtoa ulimgonga mwilini na kuviringika mbali, naye akafika kituo cha tatu. Baadaye mpira wa Walsh ulimponyoka mdakaji wake, Birmingham akaingia nyumbani. Cleveland 1, Chicago 0.

Joss alikuwa na mkimbio huo mmoja wa kuulinda. Zamu ya nne ikapita, ya tano, ya sita. Kadiri mechi ilivyosonga ndivyo kelele za mashabiki zilivyopungua, hadi uwanja ukatulia kama watu waliomo msibani. Kila mmoja alikuwa akihesabu kimoyomoyo.

Katika zamu ya tisa, kocha wa Chicago aliwaingiza wapigaji watatu wa akiba mfululizo, akitumaini kuwa macho mapya yangelitegua fumbo. Wa kwanza akatolewa. Wa pili akatolewa. Wa tatu alikuwa John Anderson, mkongwe mwenye nguvu.

Anderson aliupiga mpira kwa kishindo ukaambaa ardhini kando ya kituo cha tatu. Mlinzi Bill Bradley aliufuata, akaunyaka na kuutupa upesi upande wa pili wa uwanja. Mpira haukufika sawasawa, ulikuwa wa chini. George Stovall, aliyelinda kituo cha kwanza, alijinyoosha na kuushika kwa taabu kabla Anderson hajafika.

Mechi ikaisha. Joss alikuwa amerusha mipira 74 pekee, idadi ambayo warushaji wengi huimaliza kabla ya kufika zamu ya tisa.

Yafaa kuzingatia kuwa wapigaji aliowatoa peke yake, kwa kuwakosesha mpira, walikuwa watatu tu. Wengine 24 walitolewa kwa mikono ya wenzake. Lau Stovall angeuachia mpira ule wa mwisho, jina la Joss lisingekuwa katika orodha hiyo fupi. Ukamilifu wa mrushaji hutegemea watu wanane wengine wasioandikwa.

Furaha ya Cleveland haikudumu. Siku iliyofuata Chicago walilipiza kisasi, na hatimaye Detroit wakatwaa taji kwa tofauti ya nusu ya mechi. Detroit na Cleveland walishinda mechi 90 kila mmoja, lakini Cleveland walipoteza 64 nao Detroit 63, kwa sababu mechi moja ya Detroit iliyoharibiwa na mvua haikurudiwa. Sheria ilibadilishwa baadaye ili mechi za namna hiyo zirudiwe zinapoathiri ubingwa. Joss hakuwahi kucheza fainali maishani mwake.

Aprili 20, 1910, aliwakabili Chicago tena na kumaliza mechi bila kuwaruhusu pigo hata moja safi, ushindi ukiwa 1-0 kama awali. Lakini mkono ulikuwa umeanza kumsaliti. Maumivu yalimlazimu kuacha kucheza katikati ya msimu huo.

Majira ya kuchipua ya 1911, Joss aliandamana na timu katika ziara ya mazoezi kusini mwa Marekani. Mnamo Aprili 3, mjini Chattanooga, jimbo la Tennessee, alianguka na kuzirai uwanjani akizungumza na rafiki yake. Mwanzoni ilidhaniwa ni ugonjwa wa mapafu tu. Alirejeshwa Toledo, ambako hali yake ilizidi kuzorota na madaktari wakagundua kuwa kifua kikuu kilikuwa kimeenea hadi kwenye utando wa ubongo. Enzi hizo hapakuwa na dawa ya kuutibu ugonjwa huo.

Alifariki Aprili 14, 1911, siku mbili baada ya kutimiza miaka 31. Chema hakidumu.

Mazishi yalipangwa kufanyika Aprili 17, siku ambayo Cleveland walitarajiwa kucheza na Detroit. Wakuu wa ligi walitaka mechi iendelee. Wachezaji wa Cleveland walikataa katakata, wakasema wangekwenda Toledo kumzika mwenzao, liwalo na liwe.

Katika zama ambazo mchezaji hakuwa na chama chenye nguvu cha kumtetea, na mwajiri angeweza kumtoza faini au kumfuta, huo ulikuwa ukaidi wa kuhatarisha mkate wa watoto. Aliyewaongoza alikuwa George Stovall, yule yule ambaye mkono wake ulikuwa umeikamilisha mechi ya 1908. Rais wa ligi, Ban Johnson, alilazimika kulegeza msimamo na mechi ikaahirishwa. Mhubiri mashuhuri Billy Sunday, aliyewahi kuwa mchezaji wa besiboli, aliongoza ibada ya mazishi.

Bado kulikuwa na mjane na watoto wawili wasio na mtafutaji. Mnamo Julai 24, 1911, magwiji kutoka timu pinzani walikusanyika League Park kucheza na Cleveland ili kuichangia familia hiyo. Miongoni mwao walikuwa Ty Cobb, Walter Johnson, Tris Speaker na Eddie Collins. Upande wa Cleveland alirusha Cy Young, ambaye mwaka wa 1904 alikuwa ametimiza mechi kamili iliyotangulia ile ya Joss. Wageni walishinda 5-3, na zaidi ya dola 12,900 zikapatikana. Mechi rasmi ya kila mwaka ya nyota wa ligi hizo ilianzishwa baadaye sana, mwaka wa 1933.

Joss aliacha rekodi ya ushindi 160 na kushindwa 97. Wastani wa mikimbio aliyowaruhusu wapinzani kwa kila zamu tisa ulikuwa 1.89, wa pili kwa udogo katika historia ya ligi hizo. Anayemzidi ni Ed Walsh, aliyeshindana naye siku ile ya Oktoba.

Ni haki pia kukumbuka kuwa rekodi za enzi hizo zilipatikana katika ligi zilizowafungia mlango wachezaji weusi hadi mwaka wa 1947. Walikuwepo warushaji hodari ambao Joss hakuwahi kupambana nao kwa sababu tu ya rangi ya ngozi yao.

Hata baada ya kufa, muda mfupi aliopewa uliendelea kumdhulumu. Kanuni za Ukumbi wa Magwiji wa Besiboli ulioko Cooperstown, New York, humtaka mchezaji awe amecheza misimu 10. Joss alicheza tisa. Kwa miongo kadhaa jina lake lilirukwa kwa upungufu wa msimu mmoja ambao ugonjwa ulimnyang'anya. Hatimaye kanuni hiyo ililegezwa kwa ajili yake, akaingizwa ukumbini mwaka wa 1978, miaka 67 baada ya kifo chake.

Amelala katika makaburi ya Woodlawn mjini Toledo. Katika orodha ya mechi kamili limeandikwa jina lake peke yake, jinsi ilivyo desturi. Stovall hayumo. Lakini mara mbili, uwanjani mwaka wa 1908 na mbele ya wakuu wa ligi mwaka wa 1911, ni yeye aliyejinyoosha ili Joss asiangushwe.