Trauner: Mbunifu aliyejenga Paris ya filamu akiwa mafichoni

WATAZAMAJI wa filamu huwakumbuka waigizaji na kumsahau aliyebuni mitaa na vyumba wanamopita. Alexandre Trauner alikuwa mmoja wa wabunifu hao wa mandhari, na kwake kazi hiyo nusura iwe suala la kufa na kupona.

Alizaliwa Budapest, Hungary, mwaka wa 1906 katika familia ya Kiyahudi na akasomea uchoraji. Mnamo 1929, chuki dhidi ya Wayahudi ilipozidi, alihamia Paris. Huko alikuwa msaidizi wa mbunifu Lazare Meerson kabla ya kujisimamia na kushirikiana na mwelekezi Marcel Carné na mshairi Jacques Prévert. Kwa ajili ya Hôtel du Nord ya 1938, alijenga upya mfereji wa Saint-Martin, daraja lake na majengo ya kandokando, mfano wa mtaa halisi.

Wanazi walipoitwaa Ufaransa, Wayahudi walifungiwa milango ya sekta ya filamu. Trauner alijificha karibu na Nice, akaendelea kuchora kwa siri. Michoro hiyo ndiyo iliyozaa barabara ya Paris ya karne ya 19 katika Les Enfants du Paradis. Mbunifu mwenzake, Léon Barsacq, alisimamia ujenzi studioni. Laiti siri ingefichuka, Trauner angeishia katika kambi za mauti. Filamu ilipotolewa Machi 1945, jina lake liliorodheshwa kama mshiriki aliyefanya kazi mafichoni.

Baada ya vita alifanya kazi na waelekezi wa Marekani pia. Alibuni mandhari ya The Nun's Story ya 1959, ambayo baadhi ya sehemu zake zilipigwa nchini Kongo enzi za Wabelgiji.

Mwaka uliofuata alidhihirisha ujanja wake katika The Apartment ya Billy Wilder. Ili ofisi ya bima ionekane haina mwisho, meza zilipunguzwa ukubwa kadiri zilivyokuwa mbali na kamera, na za nyuma kabisa zikakaliwa na watu wafupi. Jicho lilidanganyika, nayo kazi hiyo ikamletea Oscar mnamo 1961, pamoja na Edward G. Boyle.

Trauner alifariki Ufaransa mnamo Desemba 1993. Alizikwa Omonville-la-Petite, kijiji cha Normandy alikolazwa pia rafiki yake Prévert.