Graf von Götzen: Aliyepewa meli, na waliopewa njaa

Miaka mingi iliyopita nilisafiri kwa MV Liemba kutoka Kigoma. Humo melini mzee mmoja akaniambia kuwa meli ile ilikuwa na jina jingine kabla ya hili, jina la Mjerumani. Sikulitilia maanani. Nilipokuja kufuatilia huyo Mjerumani alikuwa nani, nilijuta kwa kutomuuliza mzee wangu zaidi.

Ndugu msomaji, mtu huyo ni Gustav Adolf von Götzen. Alizaliwa mwaka 1866 katika kasri la Scharfeneck, Silesia, kwenye ukoo wa kikabaila wenye cheo cha Graf. Kama walivyofanya vijana wengi wa tabaka lake, aliingia jeshini akawa afisa.

Mwishoni mwa mwaka 1893 aliondoka Pangani na msafara wa wapagazi na askari kuelekea magharibi. Mwaka 1894 aliingia Rwanda, akaonana na Mwami Rwabugiri, akawa Mzungu wa kwanza kuliona Ziwa Kivu. Kisha alipita misitu ya Kongo mpaka karibu na bahari ya Atlantiki. Safari hiyo ilimpa sifa kubwa kwao. Baadaye akapelekwa Washington kuwa mwambata wa kijeshi, na mwaka 1901 akarudi huku akiwa Gavana wa Afrika Mashariki ya Kijerumani, makao yake Dar es Salaam.

Hapana shaka mtu huyu hakuwa mjinga wala mgeni wa nchi hii. Alikuwa ameivuka kwa miguu. Alijua vijiji vinaishi kwa nini, na mzigo bila mpagazi haufiki. Hata hivyo chini ya utawala wake yalianzishwa mashamba ya pamba ya vijiji, watu wakalazimishwa kuyalima kwa ujira usiotosha kitu, huku kodi ikidaiwa. Wasimamizi walikuwa maakida na majumbe, yaani watu weusi na watu wa pwani wenzetu. Hilo nalo tuliseme, maana historia ya kweli haichagui wa kumlaumu.

Julai 1905, huko Nandete katika milima ya Umatumbi, watu waling'oa miche ya pamba. Vita vya Maji Maji vikaanza. Kinjekitile Ngwale alinyongwa Agosti mwaka huo huo, lakini moto uliendelea kusambaa mpaka ukafika Ungoni. Serikali ya Götzen ikadai kuwa chanzo ni njama za waganga na machifu. Kodi na pamba hazikupewa uzito unaostahili.

Sasa tufike kwenye jambo lenyewe. Risasi peke yake hazikumaliza vita. Afisa wake mmoja akatoa rai kwamba njaa ndiyo itakayowafanya watu wasalimu amri, na ndivyo ilivyofanyika. Vijiji vilichomwa moto, maghala yakaporwa, mazao yakaharibiwa shambani. Mwanamke na mtoto ambao hawakuwahi kushika mkuki wakafa kwa kukosa chakula. Makadirio ya Wajerumani wenyewe yalitaja watu 75,000; baadhi ya wanahistoria wamefikisha 300,000. Wazungu waliokufa walikuwa 15.

Götzen aliondoka mwaka 1906, vita vikiwa bado havijaisha. Hakushtakiwa popote. Mwaka 1909 alichapisha kitabu chake kuhusu vita hivyo. Alikuwa mjumbe wa Prussia mjini Hamburg, akafariki mwaka 1910 akiwa na miaka 44.

Kisha akapewa meli. Iliundwa Papenburg mwaka 1913, ikafunguliwa vipande vipande, ikaletwa Dar es Salaam na kupelekwa bara hadi Kigoma. Ikashushwa majini mwaka 1915 kwa jina la Graf von Götzen. Mwaka 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha ili isitekwe. Waingereza wakaiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba, jina la zamani la ziwa lile.

Mimi sisemi tumfute mtu huyu vitabuni. La hasha! Nasema mtoto wetu akifundishwa kwamba Götzen aliona Ziwa Kivu, afundishwe siku hiyo hiyo ni nani aliyeona maghala ya Umatumbi na Ungoni yakiungua. Jina la Götzen lilikaa ubavuni mwa meli. Wale waliokufa kwa njaa, majina yao yako wapi?