Gaetano Casati

Gaetano Casati (1838 – 1902) alikuwa mwanajeshi na mpelelezi kutoka Lombardia, kaskazini mwa Italia.

Jina Gaetano linatokana na Kilatini Caietanus, yaani mtu wa Gaeta, mji wa bandari kusini kwa Roma. Lilienea kwa heshima ya mtakatifu Gaetano wa Thiene (1480–1547), hata likapewa watoto wasio na asili ya Gaeta, kama Casati.

Aliondoka Italia Desemba 1879, akachunguza eneo la mto Uele (leo nchini Kongo), kisha akaungana na Emin Pasha, gavana wa Equatoria. Mwaka 1886 alitumwa kumwakilisha Emin kwa mfalme Kabalega wa Bunyoro. Mwanzoni mwa 1888 alikamatwa na kuhukumiwa kifo. Alitoroka, lakini sehemu kubwa ya maandishi yake ilipotea.

Pamoja na Emin na Henry Morton Stanley alifika pwani ya Bagamoyo, kaskazini kwa magofu ya Kaole, tarehe 4 Desemba 1889. Kitabu chake kuhusu miaka kumi katika Equatoria kilitolewa mwaka 1891.