Munganga Shadid na lopitali ya walimaji

Michael Shadid alizaliwa 1882 kule Lebanoni, mu jamaa maskini. Mwaka 1898 akahamia Marekani, akatembeza mapambo nyumba kwa nyumba mpaka akapata feza ya masomo. Mwaka 1907 akatoka munganga kule St. Louis, kisha akatumika mu Oklahoma. Huko aliona namna ugonjwa unaingiza walimaji mu madeni.

Mwaka 1929 akawaomba waunganishe feza mbele ya kugonjwa. Hisa moja ilikuwa dola 50. Mwaka 1931 lopitali ikafunguliwa mu Elk City, na wenye kutoa hisa ndio walikuwa wenye nyumba.

Waganga wengine hawakupenda. Walivunja chama chao cha pale, wakakiunda upya bila yeye, tena ikatafutwa njia ya kumunyanganya ruhusa ya kazi. Sendika ya walimaji ikasimama pamoja naye, ruhusa ikabaki. Alikufa 1966.

Ndugu wa mugodi, mpango ulikuwa wa Shadid. Lakini lopitali ilisimama juu walimaji walilipa, na siku ya vita hawakumuacha peke yake.