JAYAVARMAN WA SABA: MZEE ALIYEKABIDHIWA NCHI IKIWA MAJIVU

Leo naomba tutoke kidogo nje ya siasa na mpira, twende mbali kabisa, mpaka Kamboja, kule Asia ya Kusini Mashariki.

Wengi wetu tumeshaiona Kamboja bila kujua. Mnaikumbuka ile filamu ya Tomb Raider ya mwaka 2001, ile ya Angelina Jolie? Kuna sehemu anaingia kwenye magofu yaliyobanwa na mizizi minene ya miti, utafikiri chatu kajiviringisha kwenye nyumba. Pale hapakujengwa kwa ajili ya filamu jamani. Lile ni hekalu la kweli, linaitwa Ta Prohm, na liko karibu na mji wa Siem Reap. Lilijengwa zaidi ya miaka 800 iliyopita na mfalme wa Wakhmer aliyeitwa Jayavarman wa Saba. Huyo ndiye mtu wetu wa leo.

Wageni wenye uwezo hukodi ziara ya peke yao: mwongozaji mmoja, gari au tuk-tuk (ndugu yake bajaji), siku tatu au nne, mahekalu asubuhi na vijiji jioni. Tiketi ya mahekalu ilipanda bei Februari 2017, ikawa dola 37 kwa siku moja, dola 62 kwa siku tatu na dola 72 kwa siku saba. Hapo bado nauli ya ndege! Sisi wa kafe tunalipia dakika tu, kwa hiyo twende kwa njia yetu. Nitawapitisha mahekalu hayo hayo, ila kwa kufuata maisha ya huyu mzee.

MTOTO WA MFALME ASIYE NA KITI

Ziara nyingi zinaanzia Angkor Wat, alfajiri, watu wanasubiri jua litokee nyuma ya minara. Hekalu hili si la Jayavarman. Lilijengwa na Suryavarman wa Pili, aliyeanza kutawala mwaka 1113. Jayavarman alizaliwa miaka ya 1120 hivi, maana yake utotoni mwake mafundi walikuwa bado wanachonga mawe ya Angkor Wat.

Baba yake, Dharanindravarman wa Pili, alikuwa wa ukoo wa kifalme na alifuata dini ya Buddha, wakati wafalme wengi waliomtangulia walikuwa Wahindu. Kijana alikulia humo. Alipokuwa mtu mzima alikwenda vitani Champa, ufalme uliokuwa sehemu ambayo leo ni katikati ya Vietnam. Huku nyuma mambo yakaharibika. Afisa mmoja wa ikulu, Tribhuvanadityavarman, akampindua mfalme na kukaa yeye kwenye kiti. Jayavarman aliposikia kuna hatari alirudi mbio, lakini alikuta kazi imeshakwisha.

Hapo ndipo mimi huyu mzee alinigusa. Hakuwa na kiti wala jeshi la kutosha kukipigania. Akasubiri kama miaka 15 hivi. Hebu fikiria, wewe umemaliza form four, umekaa mtaani miaka miwili bila ramani unaona dunia imekwisha. Huyu alikuwa anaelekea miaka 50 na bado anasubiri.

Muda wote aliokuwa mbali, mke wake Jayarajadevi alifunga na kuomba. Mume aliporudi, mama huyu akaendelea kugawa mali yake kwa masikini. Haya yote tunayajua kwa sababu dada yake, Indradevi, alikuwa msomi wa hali ya juu. Aliwafundisha wanawake kwenye nyumba za watawa, akatunga historia ya familia kwa lugha ya Kisanskriti, ikachongwa kwenye jiwe. Karne ya 12 hiyo wadau, mwanamke ni mwalimu na mwandishi! Jayarajadevi alipofariki, mfalme akamuoa Indradevi.

MAJI YALIYOLETA VITA

Siku ya pili wageni wengi hupelekwa ziwa Tonle Sap, kwenye vijiji kama Kampong Phluk ambako nyumba zimesimama juu ya nguzo ndefu sana. Sababu ni hili ziwa lenyewe. Msimu wa mvua, mto Mekong unajaa mpaka maji yanageuza njia na kuingia ziwani badala ya kutoka, ziwa linapanuka mara kadhaa. Kiangazi maji yanarudi, watu wanavua samaki mpaka basi. Mchele wa Angkor na samaki wa Angkor vilitegemea mchezo huo wa maji.

Lakini njia inayoleta samaki inaleta na adui. Mwaka 1177, kwa hesabu inayotumiwa na wengi, jeshi la Champa lilipanda mto kwa mashua, likavuka ziwa, likaingia Angkor. Mji uliporwa. Yule mfalme wa kupindua akauawa.

Sasa ndiyo zamu ya mzee. Jayavarman alikusanya watu na kupigana na Champa miaka minne hivi. Mapambano ya kwenye maji yamechongwa ukutani kwenye hekalu la Bayon: mashua zimekutana, watu wanachomana mikuki, waliodondoka majini wanaliwa na mamba. Mwaka 1181 akavishwa taji. Umri wake ulikuwa unakaribia miaka 60, na nchi aliyokabidhiwa ilikuwa imebaki majivu.

AKAANZA KUJENGA KAMA ANAFUKUZWA

Na kweli alikuwa anafukuzwa, na umri. Mwaka 1186 akazindua Ta Prohm kwa heshima ya mama yake. Mwaka 1191 Preah Khan kwa heshima ya baba yake. Akauzungushia mji mkuu, Angkor Thom, ukuta wa mraba wenye karibu kilomita 3 kila upande na urefu wa kwenda juu mita 8 hivi, na nje ya ukuta handaki pana la maji. Adui asirudi tena kirahisi! Katikati ya mji akasimamisha Bayon, lile hekalu la minara yenye sura kubwa za mawe zinazotabasamu huku macho yamelegea. Wengine wanasema ni sura ya Lokeshvara, mwenye huruma katika dini ya Buddha. Wengine wanasema ni ya mfalme mwenyewe. Mabishano hayo hayajaisha mpaka leo.

Mwongozaji mzuri hakuachi kwenye sura za juu tu, anakushusha ukutani chini. Huko si wafalme na miungu tu, kuna watu kama sisi. Mama anauza samaki sokoni, wanaume wanashindanisha majogoo, mtu anapika, mwanamke anajifungua. Ukitoka hapo ukienda kijiji cha Preah Dak, si mbali, unawakuta akina mama wanatengeneza tambi za mchele na kuchemsha utomvu wa mnazi wa sukari mpaka ugande. Wengi huwa wanasema ni kama ule ukuta umepata uhai.

Sasa twende kwenye hesabu, maana hapa ndipo pana jambo. Jiwe la maandishi la Ta Prohm lenyewe limetaja namba. Ndani ya hekalu hilo moja waliishi watu 12,640, wakiwemo wacheza ngoma 615. Na ili hekalu liendeshwe, vijiji 3,140 vilipangiwa kulihudumia, jumla ya watu 79,365. Hekalu moja tu wadau! Mchele, asali, nta, nguo, vyote vilitoka vijijini.

Jina la mama wa mfalme limechongwa. Watu 79,365 wamebaki namba. Hakuna jiwe linalosema yule mkulima wa kijiji cha mbali alijisikiaje kubeba gunia kwenda kwa mungu wa mtu mwingine.

HOSPITALI 102

Kama ingeishia hapo ningesema huyu naye ni mfalme kama wale wengine. Ila jiwe hilo hilo linataja kitu kingine: hospitali 102 nchi nzima, nazo zikipewa vijiji 838 vya kuzihudumia, watu 81,640. Ukilinganisha utaona kwamba hospitali zote kwa pamoja zilipewa watu wengi kidogo tu kuliko wale wa Ta Prohm peke yake. Lipime mwenyewe hilo.

Hata hivyo ni kitu cha ukweli. Mawe ya hospitali hizo yamekutwa mbali mpaka Laos na kaskazini mashariki ya Thailand, na yote yana maneno yanayofanana, yaani ilikuwa mpango wa serikali hasa. Yanataja waganga, wauguzi, wapishi, watu wa kutwanga dawa. Yanataja dawa zenyewe: asali, kafuri, tangawizi, iliki, vitu ambavyo bibi zetu wanavijua vizuri. Na mlango ulikuwa wazi kwa tabaka zote nne za watu, si wakubwa peke yao. Mfalme akaagiza ichongwe kwamba maradhi ya raia yalimuuma kuliko maradhi yake mwenyewe.

Akaongeza nyumba 121 za kupumzikia wasafiri kando ya barabara kuu, moja kila baada ya kilomita 15 hivi, mwendo ambao mtu anautembea kwa mguu kabla jua halijazama. Barabara moja ilikwenda mpaka Phimai, ambako leo ni Thailand.

Leo ukitafuta zile hospitali huzioni. Zilikuwa za mbao na mbao imeoza. Kilichobaki ni vikanisa vidogo vya mawe vilivyokuwa vya kuombea wagonjwa, kama kile kilicho jirani na Ta Keo, na watalii wengi wanakipita tu. Mwaka 2017 wachimbaji wa mambo ya kale walipokuwa wakichimba eneo la hospitali mojawapo hapo Angkor, walitoa ardhini sanamu ya mlinzi yenye urefu wa karibu mita 2. Alikuwa bado analinda, masikini, na wagonjwa walishaondoka miaka mia nane iliyopita.

UPANDE WA PILI WA SHILINGI

Tusimpake mafuta sana. Mfalme huyu mwenye huruma aliivamia Champa naye akalipiza. Kuanzia mwaka 1203 hadi 1220 Champa ilikuwa chini ya Wakhmer, na watu wa kule sidhani kama walimuona ana huruma. Ujenzi wake nao ulikwenda kwa haraka kupita kiasi. Mafundi walipanga mawe bila kuyafunga vizuri, ndiyo maana mahekalu yake mengi yamebomoka kuliko Angkor Wat iliyo ya zamani zaidi.

Alifariki karibu mwaka 1218, inakadiriwa akiwa amevuka miaka 90. Karne hiyo hiyo ya 13 dini ikageuka. Sanamu za Buddha zilizokuwa kwenye kuta za mahekalu yake zikatindiliwa moja baada ya nyingine kwa patasi. Sanamu kubwa ya Bayon, mita 3.6, ilivunjwa vipande na kutupwa shimoni katikati ya hekalu. Ilikuja kuopolewa mwaka 1933 na kuunganishwa tena.

Ufalme nao ukapungua nguvu polepole, mji ukahamwa, miti ikaota juu ya Ta Prohm kama mlivyoona kwenye filamu. Mwaka 1992 Angkor ikaingizwa kwenye orodha ya UNESCO ya urithi wa dunia. Utafiti uliochapishwa mwaka 2021 ulikadiria kwamba karne ya 13 eneo zima la Angkor lilikuwa na watu kati ya 700,000 na 900,000. Nyumba zao zilikuwa za miti na majani. Hakuna hata moja iliyobaki.

KILICHOBAKI NI NINI?

Nimebakiza kitu kimoja, na ndicho kilichonifanya niandike.

Mwaka 1999 pale Siem Reap ilifunguliwa hospitali ya watoto, moja ya hospitali za Kantha Bopha zilizosimamiwa na daktari wa Uswisi, Beat Richner. Watoto wanatibiwa bure, na daktari huyo alikuwa akipiga ala ya muziki, ile selo, Jumamosi jioni mbele ya watalii ili kuchangisha pesa. Alifariki mwaka 2018. Hospitali yenyewe inaitwa Jayavarman VII. Na tiketi zilipopanda bei 2017, ilipangwa kwamba dola 2 za kila tiketi ziende kwenye hospitali za Kantha Bopha.

Kwa hiyo mgeni anakwenda kupiga picha na sura za mawe za mzee, na bila kujua anachangia dawa ya mtoto wa kijijini. Zamani ni kijiji kilicholisha hekalu. Sasa hekalu linalipia kijiji, japo kidogo. Kwangu mimi hilo ni deni linalolipwa baada ya miaka 800.

Mzee alisubiri kiti mpaka uzeeni, akajenga mahekalu ili akumbukwe. Ila ukimuuliza mama aliyekaa foleni na mtoto mwenye homa pale Siem Reap, jina la Jayavarman kwake ni jina la mahali mtoto anapopata nafuu. Mbao za hospitali zake zilioza, lakini wazo lenyewe halikuoza.

Swali kwenu wadau: angekuwa kiongozi wako, ungemsifu kwa zile hospitali 102 au ungemdai jasho la wale watu 79,365? Tiririkeni hapo chini, matusi hapana.

Naomba kuwasilisha.