Kanumba na Jumamosi Kuu



Kila ikifika Jumamosi Kuu huwa namkumbuka Steven Kanumba. Najua mtasema, frateri na bongo muvi wapi na wapi? Nivumilieni kidogo.

Mwaka 2012 nilikuwa darasa la sita, tunaishi Mbagala. Asubuhi ya tarehe 7 Aprili nilitumwa dukani kununua sukari, nikakuta watu wamesimama wanasikiliza redio, hakuna anayenunua kitu. Kanumba amefariki usiku, nyumbani kwake Sinza. Jana yake tu ilikuwa Ijumaa Kuu, tumetoka kuubusu Msalaba. Alikuwa na miaka 28.

Alizaliwa Shinyanga tarehe 8 Januari 1984. Alisoma Shule ya Msingi Bugoyi, akaanza sekondari Mwadui, akahamia Dar Christian Seminary, kisha Jitegemee. Mwaka 2002 aliingia kikundi cha Kaole, na watu wakaanza kumjua kwenye televisheni kupitia michezo kama Jahazi na Dira. Lakini hakuridhika kuigiza tu. Aliandika hadithi, aliongoza, mwisho akawa na kampuni yake ya filamu. Mwaka 2006 ikatoka Dar 2 Lagos, akishirikiana na waigizaji wa Nigeria, akiwemo Mercy Johnson. Kwenye Uncle JJ na This Is It aliwapa watoto wadogo nafasi kubwa, na sisi watoto wa Mbagala tukajiona tupo ndani. Kibanda umiza kilikuwa kinajaa mpaka wengine wanachungulia dirishani.

Mwaka 2009 alikwenda kutembelea jumba la Big Brother Africa. Kiingereza kilimsumbua, na nchi nzima ikamcheka. Yaani hata sisi tusiojua kuomba maji kwa Kiingereza tulicheka! Angeweza kujificha. Yeye akaendelea kufanya kazi na wageni, na mwaka 2011 akatoa Devil Kingdom pamoja na Ramsey Nouah. Kijana unayeogopa kusoma somo kanisani kwa sababu siku moja ulikosea wakakucheka, hapo pana funzo lako.

Alizikwa makaburi ya Kinondoni tarehe 10 Aprili, Jumanne ya Oktava ya Pasaka, baada ya umati mkubwa kumuaga viwanja vya Leaders.

Sasa nikiri kosa langu. Shule ilipofunguliwa nilikuwa nasimulia kifo chake kama vile nilikuwepo chumbani. Nani kasema nini, nani kamsukuma nani, nilijua yote! Miaka ikaenda, mahakama ikasikiliza kesi na kutoa hukumu mwaka 2017, mimi bado nina maoni yangu. Nikaingia seminari, nikasoma falsafa, nikajifunza kupanga hoja. Mwezi mmoja wa Novemba tukaambiwa tuandike majina ya marehemu wa kuombewa. Niliandika babu, shangazi, rafiki yangu mmoja. Ghafla jina la Kanumba likanijia, nikaona aibu. Nimemwongelea mtu huyu nusu ya maisha yangu, sijawahi kumwombea hata Salamu Maria moja.

Wapendwa, Jumamosi Kuu altare iko wazi, tabernakulo iko tupu. Mchana kutwa hakuna Misa. Kanisa linakaa kimya kaburini pamoja na Bwana, ambaye tunakiri katika Imani kwamba alishuka kuzimu. Maana yake, hakuna marehemu aliyekwenda mahali ambapo Yesu hajafika. Kanumba hakuwa Mkatoliki, lakini hilo halituzuii kumwombea. Hukumu yake iko kwa Mungu. Kwetu imebaki sala, na kwa waliobaki wakiumia, tufunge midomo.

Na sisi tulio hai tusijidanganye. Aliyelala Ijumaa Kuu na mipango yake kichwani hakuiona Pasaka. Kama una ugomvi nyumbani, usiusubirishe. Kama una muda mrefu hujaungama, nenda wiki hii.

Zoezi letu: chagua marehemu mmoja ambaye umewahi kumsema vibaya. Mwombee kumi moja ya Rozari, umalizie na Raha ya Milele. Mimi nimeshamchagua wa kwangu.

Ee Yesu uliyelala kaburini, utufundishe kunyamaza, na utufundishe kuwaombea wafu wetu. Amina.